Kabla ya Kuhamisha Sufuria, Hesabuni Walaji

Hotuba ya afisa afya mstaafu mbele ya wauza chakula, madiwani na wataalamu wa jiji, Ngamiani, Tanga

Ndugu Mwenyekiti, waheshimiwa madiwani, wataalamu wetu, viongozi wa dini, na ninyi mama zangu, dada zangu na vijana wangu mnaotulisha kila siku: Assalaam aleikum, na Bwana Yesu asifiwe.

Nashukuru kwa kumkumbuka mzee aliyekwisha kurudisha funguo za ofisi. Nimeombwa nizungumzie usafi wa vyakula vinavyouzwa barabarani. Nitauzungumzia, lakini naomba ruhusa nianzie mbali kidogo, kwa sababu nimeifanya kazi ya bwana afya kwa zaidi ya miaka thelathini na nimegundua, tena nikiwa nimechelewa, kwamba swali la usafi ndilo lililokuwa jepesi. Swali zito, ambalo hakuna mkubwa wangu aliyewahi kuniuliza wala mimi mwenyewe sikujiuliza, ni hili: nikimwondoa huyu mama hapa alipo, wale waliokuwa wakila kwake kesho watakula nini, wapi, na kwa pesa gani?

Katika halmashauri moja ya nchi hii, ambayo sitaitaja kwa kuwa kosa lilikuwa letu sote tuliokuwamo, tuliondoka asubuhi na gari moja, mgambo wanane na barua yenye muhuri, tukaenda kwenye kona ya stendi walikokuwa wakipikia akina mama kama kumi na tano. Ilikuwa saa moja, wakati ambapo sufuria zimekwisha kuiva lakini hazijaanza kupungua. Mgambo mmoja alishika sufuria ya maharage ya nazi kwa matambara mawili, akaimwaga mchangani. Tui likanywewa na mchanga upesi, maharage yakabaki juu yakifuka moshi, na kuku wa jirani wakawa wa kwanza kufika. Mwenye sufuria hakupiga kelele. Aliokota daftari lake la madeni, akalifuta kwa upindo wa kanga, akalitia kifuani, na mimi kwa ujinga wangu nikajiuliza kwa nini ameacha mwiko na sahani akaokoa karatasi. Mchana nilipopita tena niliwakuta wapagazi wa stendi wameketi kivulini na soda na biskuti. Mkahawa wenye leseni uliokuwa jirani ulikuwa ukiuza sahani moja kwa bei iliyokaribia ujira wao wa nusu siku, na haukuwa ukiandika deni la mtu. Katika taarifa yangu ya wiki ile niliandika kwamba eneo limesafishwa.

Hapo, ndugu zangu, lugha yetu yenyewe inatutega. Tunaposema "usalama wa chakula", mara tunakusudia kwamba chakula hakina vimelea wala sumu, mara tunakusudia kwamba watu wana chakula cha kutosha. Ni mambo mawili yaliyovaa kanzu moja, na mtumishi kama mimi huweza kulitekeleza la kwanza kwa kulivunja la pili bila kuona tofauti. Kwa hiyo leo nitaita la pili "uhakika wa chakula". Mkutano wa Dunia wa Chakula uliofanyika Roma mwaka 1996 ulieleza kwamba uhakika huo upo pale ambapo watu wote, wakati wote, wanaweza kukifikia na kumudu kukinunua chakula cha kutosha, salama na chenye lishe. Angalieni maneno "wakati wote" na "kumudu". Hayasemi habari za maghala. Mchumi Amartya Sen wa India, aliyekuwa mtoto wa miaka tisa ilipoingia njaa kuu ya Bengal ya mwaka 1943, alionyesha katika kitabu alichokitoa 1981 kwamba mamilioni ya watu waliweza kufa katika nchi ambayo mavuno yake hayakuwa yameanguka kiasi cha kueleza vifo hivyo. Vibarua na wavuvi walikosa njia ya kukigeuza kijungujiko chao kuwa mchele.

Sasa tujitazame sisi. Tanga haina upungufu wa chakula. Kabichi, karoti na viazi vinashuka kutoka Lushoto, machungwa yanatoka Muheza hapo jirani, maziwa ya mkoa huu yanauzwa hadi Dar es Salaam, na samaki wanashushwa kwenye mwalo wa Deep Sea kila siku bahari inaporuhusu. Sensa ya 2022 ilihesabu zaidi ya watu 390,000 katika jiji hili, kutoka watu kama 273,000 wa sensa ya 2012. Watu hao walioongezeka wengi wao hawakuja na shamba wala jiko. Wamekuja na chumba kimoja cha kupanga Mabawa, Makorora au Mikanjuni, na kazi inayolipa jioni kwa jioni. Kati ya lori la Lushoto na mdomo wa mtu huyo kuna mwendo mrefu, na kwa sehemu kubwa mwendo huo hukamilishwa na wanawake ambao jiji huwaandika katika kitabu cha ushuru na cha makosa, lakini haliwaandiki katika kitabu cha chakula.

Chukueni mfano wa maharage, maana ndiyo niliyoyamwaga. Kijana anayeishi peke yake akitaka kula maharage nyumbani hununua robo kilo, kisha achome mkaa kwa saa mbili au zaidi ili yaive, kisha atafute nazi, kitunguu, nyanya na chumvi. Mkaa wake utagharimu kuliko maharage yenyewe, na bado amepoteza muda ambao angekuwa bandarini akisubiri kuitwa. Mama lishe anawasha moto mmoja kwa ajili ya midomo arobaini. Ananunua nazi kwa bei ya wingi, anatumia nyanya zilizoiva kupita kiasi ambazo muuza genge angezitupa jioni, na anagawa gharama ya mkaa katika sahani arobaini. Ndiyo maana anaweza kuuza kwa bei ambayo mlaji mwenyewe asingeifikia kwa kupika. Watu husema wanaokula nje ni wavivu wa kupika. Mimi nasema wamepiga hesabu, na hesabu yao ni sahihi kuliko yetu tulioweka mtungi wa gesi jikoni.

Kisha kuna suala la saa. Basi la kwanza halisubiri duka lifunguliwe. Saa kumi na moja alfajiri, ukipita Ngamiani, utamkuta mama mwenye mbaazi za nazi na mandazi amekwisha kufunua kawa, na mzee wa kahawa anapitapita na birika lake, vikombe vikigongana ndani ya beseni dogo la maji. Usiku, maduka yakishafungwa, ndipo wakaanga samaki na wauza mihogo wanapoanza kuchangamka, kwa sababu ndiyo saa ambayo ujira wa siku umetoka. Supamaketi haiwezi kufuata saa hizo. Soko la jiji nalo lina geti na mlinzi.

La tatu ni kupima. Mwenye mshahara wa mwezi hununua mafuta ya lita tano na mchele wa kilo ishirini, na hupata bei nzuri. Mwenye ujira wa siku hununua mafuta ya vijiko vichache vilivyofungwa ndani ya kipande cha nailoni, nyanya fungu moja la tatu au nne, na kipande cha samaki badala ya samaki. Kwa kila gramu analipa zaidi. Hilo ni kweli, na ni dhuluma ya umaskini isiyo na mtu mmoja wa kuhukumiwa. Lakini bila mtu wa kulivunja tenga la nyanya kuwa mafungu, yeye asingepata nyanya hata moja. Pale Deep Sea, mnada wa asubuhi ukimalizika, mzigo unaobaki bila barafu ungeharibika kabla ya alasiri. Wakaanga samaki huuchukua, mara nyingi kwa mali kauli, yaani kwa ahadi ya kulipa wakishauza, wanauchovya katika mafuta yanayochemka, na samaki ambaye angeoza saa nane anafika Pongwe jioni akiwa bado chakula. Hawa mama ni sehemu ya hifadhi ya chakula ya mkoa, ingawa hakuna mpango wowote wa mkoa niliopata kuusoma uliowataja hivyo.

Na la nne, ambalo ningelizungumza hadi magharibi kama Mwenyekiti angeniruhusu, ni daftari. Miaka michache baada ya kustaafu niliomba kuonyeshwa daftari la mama mmoja anayepika jirani na kwangu. Ni daftari la shule, lenye jedwali la kuzidisha mgongoni. Hakuna majina kamili ndani yake. Kuna "Mrefu wa baiskeli 1,500", kuna "Baba pacha wali 2", kuna "Kofia nyekundu, amelipa nusu". Nilimuuliza anajuaje nani wa kumkopesha. Akasema: "Kaka, anayekopa akanitazama usoni nampa. Anayekopa akiangalia sahani, huyo simpi, maana njaa yake imeshamzidi aibu, hatarudi." Sikubaliani na kanuni hiyo, kwa sababu mwenye njaa iliyomzidi aibu ndiye hasa anayepaswa kula, na nilimwambia hivyo. Alinijibu kwamba huyo humpa bure siku moja, lakini hamwandiki. Siku mvua inaponyesha na meli haikushusha mzigo, daftari lile ndilo linaloamua kama mtaa mzima umekula. Hakuna benki inayokopesha sahani ya ugali. Na yeye mwenyewe mtaji wake anautoa wapi? Kwenye mchezo wa kuchangiana kwa zamu wa wanawake kumi na wawili, na ikishindikana, kwenye mikopo ile ya riba kali mnayoiita kausha damu, ambayo jina lake linanitosheleza.

Nisieleweke kwamba Tanga ni kisa cha peke yake. Shirika la Chakula na Kilimo la Umoja wa Mataifa lilikadiria, mwaka 2007, kwamba watu kama bilioni 2.5 duniani hula chakula cha mitaani kila siku. Utafiti uliofanywa mwaka 2008 katika miji 11 ya kusini mwa Afrika ulikuta kwamba zaidi ya robo tatu ya kaya maskini zilizoulizwa hazikuwa na uhakika wa chakula, na kwamba kaya saba katika kila kumi zilikuwa zikinunua kwa wauzaji wasio rasmi, licha ya maduka makubwa yaliyokuwa yamejaa katika baadhi ya miji hiyo. Na vita vya Urusi na Ukraine vilipopandisha bei ya ngano na mafuta ya kula mwaka 2022, mliona wenyewe andazi lilivyofanya: bei ilibaki ile ile, umbo likasinyaa. Tulicheka, tukalipiga picha. Lakini ule ulikuwa uamuzi wa busara wa watu wanaojua kwamba mteja wao ana sarafu moja tu mfukoni, na kwamba akiongezewa bei atakosa chote, ilhali akipunguziwa ukubwa atapata kiasi.

Sasa nije kwenye usafi, nisije nikaambiwa nimekwepa mada. Wauza chakula si malaika. Nimeona mafuta yaliyokaangiwa chipsi mpaka yakawa meusi kama oili ya gari, nimeona wali wa jana ukirudishwa jikoni leo, na nimeona kachumbari iliyokatwa asubuhi ikiuzwa jioni. Kipindupindu kilichoanza Agosti 2015 kilitufundisha kwa maumivu. Hata hivyo, tuulizane hatari inakaa wapi hasa. Shirika la Afya Duniani lilitoa kanuni tano za chakula salama mwaka 2001: usafi, kutenganisha kibichi na kilichopikwa, kupika mpaka kiive kabisa hadi nyuzi 70, kukitunza katika joto linalofaa, na kutumia maji na malighafi salama. Kilichopikwa kisikae zaidi ya saa mbili katika joto la kawaida. Kama ni cha moto kibaki juu ya nyuzi 60. Sufuria ya maharage inayotokota juu ya mkaa imeshatimiza masharti hayo yote ya moto. Hatari iko hatua mbili pembeni yake, katika beseni la kuoshea vyombo, ambamo sahani ya thelathini inaoshwa kwa maji yale yale yaliyoosha sahani ya kwanza, kwa sababu bomba la karibu liko mbali na ndoo moja inauzwa. Sisi tulimwaga sufuria, beseni tukaliacha.

Kama mngenipa fedha za operesheni moja tu, mafuta ya gari, posho za mgambo na chakula chao (ambacho, niwaambie ukweli, tulikuwa tukikinunua kwa mama lishe wa mtaa mwingine), ningeweka kituo kimoja cha kuchotea maji pale wanapopikia, mfereji wa kutolea maji machafu, na ndoo za koki za kunawia mikono. Baada ya hapo ndipo ningekuwa na haki ya kuja na kalamu ya ukaguzi, na ningekuwa mkali.

Historia yetu na watu hawa haijatulia. Mwaka 1983, kwa Sheria ya Nguvu Kazi, watu waliokuwa wakichuuza mijini walikamatwa kama wazururaji wakapelekwa mashambani. Desemba 2018 vikatoka vitambulisho vya wajasiriamali wadogo kwa shilingi 20,000, na kwa muda mama lishe akalala usingizi. Mwishoni mwa 2021 wamachinga wakapangwa upya nchi nzima. Nakiri kwamba barabara na mitaro lazima ipitike, na mwenye duka anayelipa kodi ana haki ya mlango wake. Kinachonikera ni kwamba katika zamu zote hizo alihesabiwa muuzaji, meza yake, mita zake na ushuru wake. Mlaji hakuhesabiwa. Meza ikahamishwa kilomita mbili, mlaji akabaki pale pale na dakika zake ishirini za mapumziko, na baada ya mwezi mmoja muuzaji akarudi kinyemela kumfuata. Sisi tukaita hiyo ukaidi.

Wenzetu wengine wamejaribu njia nyingine. India ilipitisha mwaka 2014 sheria ya kuwalinda wauzaji wa mitaani, inayotaka kila mji uwe na kamati ambamo wauzaji wenyewe hawapungui asilimia 40 ya wajumbe, theluthi ya hao wakiwa wanawake, na inayokataza kumwondoa mtu kabla wauzaji wa eneo hilo hawajahesabiwa. Utekelezaji wake umesuasua katika miji mingi, na hata wao, mtaona, walihesabu wauzaji. Singapore ndiyo inayotajwa sana na wataalamu wetu wanaporudi safari: iliandikisha wauzaji wake kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1960, ikawahamishia katika vituo vyenye maji na mifereji, ikamaliza kazi hiyo katikati ya miaka ya 1980, na mwaka 2020 UNESCO ikauingiza utamaduni huo katika orodha ya urithi wa dunia usioshikika. Ni kweli. Lakini wanaosimulia huruka sehemu moja, kwamba serikali ile wakati huo huo ilikuwa ikijenga makazi ya wananchi, na vituo vingi vikawekwa chini ya madirisha yao. Sufuria na mlaji vilihama pamoja. Anayetaka kuiga aige yote mawili. Na wapo waliolipia gharama kubwa kwa kuwadharau watu hawa: Tunisia iliwaka moto wa maandamano baada ya Desemba 17, 2010, siku ambayo Mohamed Bouazizi, muuza matunda wa mji mdogo wa Sidi Bouzid, alijichoma baada ya maofisa kumnyang'anya bidhaa na mizani yake.

Waheshimiwa madiwani, nina maombi machache, na yote yako ndani ya uwezo wenu. Sheria inawataka mtenge asilimia 10 ya mapato ya ndani kwa mikopo ya wanawake, vijana na watu wenye ulemavu. Mikopo hiyo ilisitishwa 2023 na ikarejeshwa mwaka uliofuata. Fomu zake zinataka kikundi, katiba, akaunti na andiko la mradi. Mama anayeamka saa tisa usiku kukuna nazi hana muda wa kuandika andiko. Mtumeni afisa maendeleo amfuate jikoni, na daftari la madeni likubaliwe kuwa ushahidi wa biashara, kwa sababu halina udanganyifu kama mizania nyingi nilizopata kuziona. Mkakati wa Taifa wa Nishati Safi ya Kupikia wa 2024 unalenga asilimia 80 ya Watanzania waache kuni na mkaa ifikapo 2034. Anzeni na hawa, maana jiko moja lao likibadilika, milo arobaini imebadilika. Nanyi mama zangu, mkipata maji na mkopo, mafuta meusi yaachwe, na kachumbari ikatwe mteja akiwa anaona. Hilo silipunguzii hata kidogo.

Lakini kubwa ni kuhesabu. Nasikia kuna mpango wa kuwahamisha wanaopikia karibu na njia ya kuelekea bandarini. Siupingi kabla ya kuusoma. Naomba tu kabla ya barua kuandikwa mtu aketi pale siku tano, kuanzia alfajiri hadi usiku, aandike ni sahani ngapi zinatoka, mlaji anatokea wapi, ana dakika ngapi, amelipa taslimu au ameandikiwa. Nimeambiwa ofisi haina fungu la kazi hiyo. Basi Jumatatu, saa kumi na moja na nusu alfajiri, mimi nitakuwa nimeketi kwenye benchi la yule mama wa mbaazi, na nimekwisha kununua madaftari mawili, moja langu na moja la afisa yeyote atakayekuja kuhesabu nami. Chai itakuwa juu yangu, na nitalipa taslimu.